Samaki wa Chumvi Asubuhi na Mchuzi wa Kikaangoni

Mtu wa Baraka, ufukweni mwa Ziwa Tanganyika, akitaka samaki asubuhi, hushuka mwaloni akangojea mitumbwi. Mtu wa Lubondja, huku milimani Fizi, hana mwalo. Samaki anayemfikia amekwisha kupasuliwa, kutiwa chumvi na kuanikwa, akafungwa guniani, akapandishwa milima juu ya pikipiki au kichwani mwa mtu kwa njia ambayo mvua ikinyesha vizuri hugeuka tope. Kwa hiyo anayeandika juu ya samaki wa asubuhi kwa watu wa huku bara anaandika juu ya samaki mkavu, na makala haya yanamhusu huyo: jinsi ya kumchagua, kumloweka, kumkaanga kwa mawese, kisha kupika mchuzi ndani ya kikaango kilekile bila kukiosha.

Ni chakula cha mtu anayetoka alfajiri kwenda shambani au machimboni na hatatia kitu kingine mdomoni mpaka jua litakapoinama. Kinashibisha, hakihitaji friji, na kikipikwa vizuri ni kitamu kuliko samaki mbichi, nasema hivyo nikijua watu wa ziwani watanipinga. Kinachokiharibu karibu kila nyumba ni chumvi juu ya chumvi. Samaki alikwisha kutiwa chumvi mwaloni. Mpishi anaongeza yake kwenye mchuzi kwa mazoea, kisha anamalizia na kidonge cha Maggi, ambacho nacho sehemu kubwa ni chumvi. Watoto wanakunywa maji mtungi mzima.

Tuanze sokoni. Ziwa Tanganyika linatupa samaki wa namna mbili kwa kazi hii. Kuna ndakala, wale wadogo wa fedha ambao ng'ambo ya Kigoma huitwa dagaa. Huvuliwa usiku kwa taa, huanikwa juani mchangani au juu ya chanja, na wengi hawatiwi chumvi nyingi. Na kuna wakubwa: mukeke, ambaye Kigoma ni mgebuka, pamoja na sangala na kuhe. Hawa hupasuliwa, hufunguliwa kama kitabu, husuguliwa chumvi na kuanikwa au kupitishwa moshini. Mijini utakuta pia makayabu, samaki wa chumvi wa kutoka baharini, mweupe na mgumu kama ubao. Kanuni za kupika ni zilezile, ila makayabu hudai muda mrefu zaidi majini.

Ndakala mzuri hung'aa. Akianza kuwa wa kahawia au wa manjano, mafuta yake yamechacha, na hakuna ndimu wala pilipili itakayoficha ladha hiyo. Chukua kiganja kimoja unuse: iwe harufu ya samaki na jua tu. Matumbo yaliyopasuka kwa wingi yana maana kwamba samaki walikaa muda mrefu kabla ya kuanikwa. Saga wachache kati ya vidole uone kama kuna mchanga, maana walioanikwa chini mchangani huja nao mpaka sahanini. Kwa samaki mkubwa, fungua tumbo utazame kando ya uti wa mgongo. Hapo ndipo nyama huwa nene, chumvi huchelewa kufika, na uozo huanza. Nyama iwe kavu na ngumu, isiwe na wekundu wa kunata. Tikisa: ukiona unga unadondoka na vitundu vidogo, wadudu wamekwisha kula sehemu yao.

Nina tahadhari moja zaidi. Wafanyabiashara wengine hunyunyizia samaki wakavu dawa ya kuua wadudu ili gunia lisiharibike njiani. Lundo ambalo haligusi hata nzi mmoja, katikati ya soko lililojaa nzi, liogope. Harufu kali ya dawa ikikupiga puani, ondoka, hata kama bei ni nusu.

Bei yenyewe hufuata mwezi. Taa za wavuvi huvuta ndakala usiku wa giza. Mwezi ukiwa mpevu mwanga unatapakaa ziwa zima, taa hazina kazi, na wavuvi wengi hupumzika. Siku za giza samaki huwa wengi mwaloni, na baada ya siku chache shehena hufika bara. Anayenunua wakati huo na kuweka hupata nafuu kuliko anayenunua kikombe kimoja kila siku. Kuna pia misimu ya kufunga ziwa. Mwaka 2024 Tanzania ilisimamisha uvuvi upande wake kwa miezi 3, kuanzia tarehe 15 Mei hadi 15 Agosti, ili samaki wazaane. Ziwa ni moja lenye nchi 4, Kongo, Tanzania, Burundi na Zambia. Upande mmoja ukifunga, masoko ya pande zote husikia.

Sasa kuloweka, na hapa naomba subira, kwa sababu sahani ya asubuhi huamuliwa jioni. Chumvi huhifadhi samaki kwa kunyonya maji yaliyo ndani ya nyama, na bila maji vijidudu vya uozo haviwezi kuzaliana. Unapomloweka unarudisha njia nyuma: maji yanaingia, chumvi inatoka. Lakini chumvi hutoka mpaka pale maji ya nje yanapokaribia ukali wa yale ya ndani, kisha husimama. Ndiyo sababu sufuria moja kubwa iliyoachwa usiku kucha haifanyi kazi kama bakuli dogo lililobadilishwa maji mara 3. Maji mapya ndiyo yanayovuta.

Kwa kipande cha sangala au mukeke chenye unene wa kidole, anza kwa kukikung'uta na kukisugua kwa maji ili fuwele za juu zitoke. Kikate vipande vya mkono mmoja, uviloweke kwenye maji baridi jua likizama, ubadilishe maji baada ya saa moja, tena baada ya saa nyingine, tena kabla ya kulala. Makayabu apewe usiku mzima. Usitumie maji ya moto kuharakisha. Yanaivisha nje, yanafunga chumvi ndani, na nyama inameguka kabla haijaona kikaango. Baraka, ambako usiku kuna joto, usimwache samaki aliyekwisha kupoteza chumvi akae majini mpaka asubuhi, kwa kuwa sasa hana tena kinga yake. Mtoe, mchuje, umweke juu ya kitu kinachopitisha hewa, ufunike kwa wavu au kitambaa, mbali na paka.

Kabla ya kulala, kata kijipande kutoka sehemu nene kabisa, kikaange au ukichemshe dakika moja, ukionje. Kiwe na chumvi kidogo kupita unayoipenda kwenye mchuzi, kwa kuwa mchuzi wenyewe hautatiwa chumvi hata chembe. Kikiwa hakina ladha kabisa umepitiliza, na nyama itakuwa kama karatasi iliyolowa.

Ndakala hawahitaji haya yote. Wakubwa wavunje vichwa, maana uchungu hukaa huko na tumboni. Wadogo waache wazima. Waoshe kwa maji ya uvuguvugu, uwainue kwa mikono na kuuacha mchanga chini, umwage, urudie mpaka chini ya bakuli pawe safi. Dakika 10 majini zinatosha. Na maji hayo yawe safi. Fizi na Baraka zimeonja kipindupindu mara nyingi, na ingawa moto wa kikaango utamsafisha samaki, hautasafisha kisu, bakuli wala kachumbari iliyooshwa kwa maji yaleyale.

Asubuhi, kausha samaki kwa kitambaa safi kabla ya kuwasha moto. Samaki mwenye maji hurusha mafuta mpaka usoni, hunata chini, na badala ya kukaangika huchemka.

Mafuta ni mawese, na kwa watu wa Fizi hili halina mjadala. Michikichi ipo, na mafuta yake hufika mpaka masoko ya Uvira. Kinachojadiliwa ni kuyachoma. Wengi huyaweka motoni mpaka wekundu wote upotee na nyumba ijae moshi, ndipo watie chakula. Ule wekundu ndio ambao mwili huugeuza kuwa vitamini A, inayolinda macho ya watoto, na mafuta yaliyoungua huleta uchungu mchuzini. Yapashe moto wa wastani mpaka yaache kulialia na kutoa povu. Tupa kipande cha kitunguu: kikicheza bila kuungua, mafuta yako tayari. Mafuta yafike nusu ya unene wa kipande, yasizidi, kwa kuwa tunataka samaki aguse chuma.

Laza vipande, ngozi ikiwa chini, usivisongamanishe. Kisha achana navyo. Mpishi mwenye wasiwasi anachokonoa kila wakati, na ngozi inabaki imeganda kikaangoni. Kipande kikishakuwa na rangi ya kahawia kitajiachia chenyewe. Dakika 4 hivi kila upande kwenye makaa yaliyotulia, si kwenye mbabula inayowaka kwa hasira. Ndakala dakika 2 au 3 zinatosha, wakigeuzwageuzwa, mpaka wasikike wakigongana wakiwa wakavu. Toa samaki, uweke kando. Sasa tazama chini ya kikaango.

Utaona mafuta, na chini yake masalia ya kahawia yaliyonata: chembe za nyama, chumvi kidogo, na maji ya samaki yaliyokauka kwenye chuma. Mchuzi wote umo humo. Nimeona wapishi wazuri wakikiosha kikaango kwa mchanga ili kiwe safi, kisha wakachukua sufuria nyingine kuanza mchuzi wa nyanya na vidonge. Wanatupa ladha, kisha wananunua nyingine dukani. Tofauti ni moja tu: masalia yakiwa meusi, yameungua, na hayo osha bila huruma, kwa sababu uchungu wake hautibiki.

Yakiwa ya kahawia, mimina mafuta kwenye kibakuli, ubakishe vijiko 2 hivi. Yaliyomiminwa yatumie siku hiyohiyo kwenye sombe au maharagwe. Tia kitunguu kilichokatwa kwa wembamba, punguza moto. Kitunguu hutoa maji yake, na maji hayo huanza kulegeza masalia. Saidia kwa mwiko wa mti, ukikwangua taratibu. Kikilainika na kuwa cha dhahabu, tia nyanya zilizoiva, 3 au 4, zilizopondwa kwa mkono. Nyanya ya kopo inafaa ukikosa mbichi, lakini kijiko kimoja tu, na uikaange mpaka igeuke rangi, la sivyo mchuzi utanuka bati. Acha nyanya zipikike mpaka mafuta yatengane na kuelea pembeni. Hapo ndipo unapotia maji ya moto, kikombe kimoja cha chai, ukikwangua tena mpaka chuma kiwe kitupu. Tumbukiza pilipili nzima bila kuipasua, inukie tu. Anayetaka moto aipasue sahanini mwake.

Onja. Ukisikia mkono unaelekea kwenye kopo la chumvi, urudishe. Mara nyingi kinachokosekana ni uchachu, na nusu ndimu mwishoni itakuonyesha.

Mchuzi wa namna hii ni mwepesi. Wanaoutaka mzito wana njia 2. Ya kwanza ni karanga zilizokaangwa na kusagwa, vijiko 2 vilivyovurugwa kwa maji, upike kwa moto mdogo huku ukikoroga. Ni nzuri mno kwa ndakala. Ya pili ni unga wa muhogo, kijiko kidogo kimoja kilichovurugwa katika maji baridi. Ukizidisha, mchuzi unavutika kama gundi. Unga huo utoke kwenye muhogo uliolowekwa siku zake zote na kukaushwa sawasawa. Muhogo mchungu ulioharakishwa una sumu, na dakika chache za mchuzi haziitoi.

Je, samaki arudishwe mchuzini? Mkubwa arudi, dakika 2 au 3, anyonye na kulainika. Ndakala wasirudi. Kila mtu awamwagie mchuzi sahanini mwake wakati wa kula, wabaki wakavu mpaka hapo. Kuna nyumba zinazowachemsha ndakala waliokwisha kukaangwa mpaka wanakuwa uji. Hizo zingeokoa mafuta kwa kutokaanga kabisa.

Kwa familia kubwa kuna namna ya tatu, ambayo ndiyo ninayoipenda. Kipande kimoja cha sangala hakigawanyiki kwa watu 8 bila ugomvi. Basi kikishakaangwa, kichambue kwa vidole, toa miiba yote, hasa kwa ajili ya watoto, urudishe nyuzi zile kwenye mchuzi ulioongezwa maji na kitunguu. Samaki wa chumvi ana nguvu ya kukoleza sufuria nzima, na kila anayechovya tonge anampata. Kitoweo hiki kilinunuliwa kidogo tangu mwanzo kwa sababu hiyo. Hata chumvi haikuwa kitu cha kuchezea: kabla ya chumvi ya viwandani, ile iliyochemshwa kutoka chemchemi za Uvinza, upande wa Kigoma, ilivushwa ziwa na kufanyiwa biashara mbali, na kila punje ilikuwa na thamani.

Kuhusu cha kulia, sitasema mengi. Ugali wa muhogo wa moto ni sawa, lakini wa jana uliokatwa vipande na kukaangwa kwenye yale mafuta ya kibakuli ni bora zaidi asubuhi. Muhogo wa kuchemsha, viazi vitamu, ndizi, vyote vinakubali. Chai iwe ya rangi, bila maziwa.

Wapo watakaouliza kama njia hii yafaa kwa nguruwe. Huku kwetu nyama yake si ya kila nyumba: Waislamu wa Baraka hawaigusi, Waadventista na Wakimbangu vilevile, na mpishi mwenye wageni aulize kwanza. Anayeila na aliyeikausha kwa chumvi au moshi anaweza kufuata njia hiihii ya kuloweka, kukaanga na kukwangua kikaango, kwa nyongeza moja: aichemshe kwanza mpaka iive kabisa katikati. Nguruwe anayezurura huweza kubeba vifuko vya tegu, na chumvi ya nyumbani si dhamana. Homa ya nguruwe ya Afrika, ambayo imekuwa ikiua mifugo Kivu Kusini, haimdhuru mtu, lakini kirusi chake hustahimili ndani ya nyama iliyokaushwa. Mabaki na maji ya kulowekea yasimwagwe kwenye zizi.

Ndugu zetu walioko Kentucky wanaujua upande mwingine wa habari hii. Wengi waliokimbia vita Fizi mwaka 1996 walipokelewa Nyarugusu, wilayani Kasulu, na baada ya miaka mingi kambini wengine walihamishiwa Marekani. Louisville, Lexington na Bowling Green zina Wakongomani wengi wanaosema Kiswahili. Kentucky ni mojawapo ya vitovu vya paja la nguruwe la mashambani: husuguliwa chumvi, hutundikwa miezi mingi, hulowekwa, hukatwa vipande vyembamba na kukaangwa asubuhi kwa mafuta yake lenyewe, dakika 2 au 3 kila upande, maana likizidi hukakamaa. Kisha kikaangoni humiminwa kahawa nyeusi, nusu kikombe, na masalia hukwanguliwa mpaka yawe mchuzi mwekundu mwepesi, unaoliwa na mahindi ya chenga yaliyopikwa mazito. Mtu wa Fizi hahitaji kufundishwa la kufanya na sahani hiyo. Ajue tu tofauti moja: ukungu juu ya paja lile zima ni wa kawaida, husuguliwa na kuoshwa. Ukungu juu ya samaki wetu ni wa kutupwa, samaki na ukungu pamoja. Na kahawa usiijaribu kwa samaki. Mimi nimeionja, haifai.

Kuweka akiba huku bara ni kazi ya kupambana na unyevu. Mfuko wa plastiki uliofungwa humfanya samaki atoe jasho, na ndani ya wiki ya mvua ukungu umeingia. Tumia kikapu au gunia la nyuzi juu ya uchaga karibu na moshi wa jiko, na kila jua likitoka uwaanike tena saa chache. Ndakala waliokaangwa bila mafuta mpaka wakawa wakavu kabisa hukaa vizuri kwenye chombo chenye mfuniko, wakisubiri safari.

Chumvi bado ni chumvi. Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asizidishe gramu 5 kwa siku, yaani kijiko kidogo kimoja cha chai kwa milo yote, na kipande cha samaki kisicholowekwa kinaweza kukimaliza peke yake kabla jua halijapanda. Mwenye shinikizo la damu ale ndakala wasio na chumvi, waliooshwa vizuri; na kwa kuwa huliwa na mifupa yao, wanampa madini ya chokaa ambayo wenye meno mabovu wangeyatamani.

Na kwa wanaoagizwa mizigo na ndugu walioko Marekani: nyama ya nguruwe ya namna yoyote msiifunge, itachukuliwa uwanja wa ndege. Fungeni ndakala, wakavu, safi, wasio na wadudu, kwenye karatasi kisha kwenye kopo, na msafiri awataje mbele ya forodha anapoulizwa.